Kamba ya Zaina kwenye Shuka

Ijumaa, hapa Umwe. Mvua imenyesha tangu nilipotoka kisimani asubuhi, shamba haliendeki, basi naandika. Moyo umetulia tu, kama maji ya bwawani.

Jana tulikwenda Ikwiriri kutazama sinema ya yule Mfaransa. Ndiye aliyekuja msimu uliopita kwa ruhusa ya Bwana Shauri, mkuu wa wilaya, akashinda na mashine yake kwenye dungu letu la kulindia shamba, akimpiga picha binti yangu Zaina anavyoamia ndege wa mpunga.

Nami nilitangaza. Nani hajasikia? Kisimani nilisema, harusini nilisema: uso wa mwanangu utatazamwa Ulaya, na uso wenyewe nimeuzaa mimi.

Maneno yakafika kwa wakwe. Posa yao tumekwisha ipokea. Bi Somoe, shangazi yake mchumba, akaleta ujumbe kwamba wao hawaoi mwanamke wa kutazamwa na kila mwanamume. Atakuja aone mwenyewe, ndipo aamue.

Basi jana alikaa ubavuni kwangu, kajitanda kaniki.

Shuka nyeupe waliyotundika mbele yetu ikawaka.

Kamba. Kamba tu, ile ya makopo tunayovuta kufukuzia ndege. Ikalegea, ikakazika. Kopo likatikisika, mpunga ukainama. Hakuna wimbo, hakuna neno. Mara moja mkono ulipita, ukaondoka. Kamba tena, kisha shuka ikabaki nyeupe. Hata tambuu yangu sijamaliza kuitafuna.

Karani, mkalimani wa yule Mfaransa, akatueleza kuwa huko Ufaransa wapo watu wanaotengeneza sinema fupi namna hiyo. Wanaondoa kila kinachoondoleka, anayetazama ajaze mwenyewe.

Jirani yangu Mama Hadija hakungoja. "Shoga, mwanao yu wapi? Au kageuka kopo?"

Watu wakacheka.

Bi Somoe hakucheka. Aliniinamia, akauliza taratibu, "Mkono wa nani ule?"

Ulimi uliniwasha. Mkono ule naujua. Unavuta mara mbili, unapumzika, ndivyo nilivyomfundisha. Mzuri kuliko nyuso za binti zao wote.

"Mkono tu, dada," nikasema. "Nani ataujua?"

Alijitanda kaniki yake upya. "Haya. Mahari italetwa mpunga ukishavunwa."

Leo asubuhi kisimani Mama Hadija bado anagonga ndoo yake kama kopo, wenzake wanaanguka kicheko. Nimeteka maji yangu, nimeondoka.

Mvua imekatika, Zaina karudi dunguni. Makopo yanasikika shambani, mara mbili, kisha kimya.

Nitafunga mdomo mpaka harusi ipite. Ikishapita, watanikoma.