Nilisingizia Draiva ya Picha

Alhamisi. Mvua ya asubuhi imeacha tope jekundu mlangoni mwa kibanda changu cha kuchapa na fotokopi. Umeme umekatika mara tatu. Nina hasira, na safari hii sina wa kumtupia.

Nimemdhulumu mama yangu kwa faili moja.

Mgodi unapanuka, na avenyu yetu yote lazima iondoke. Kampuni imeahidi kila familia nyumba mpya upande wa pili wa mji, yenye vyumba sawa na vile vilivyo kwenye mchoro wao. Si vyumba vilivyopo. Vilivyochorwa. Walipima siku mbili, wakarudi na mchoro ndani ya flash, wakampa mkubwa wa avenyu, wakasema kila mwenye nyumba autazame kisha aweke kidole kwenye karatasi kabla ya Jumanne saa sita mchana. Atazamie wapi? Kwangu, mimi mwenye kompyuta.

Nilijisikia mtu Jumanne hiyo asubuhi. Hilo nalo nalikiri.

Programu ya kufungulia mchoro ilikataa. Ikasema kuna faili ya maktaba haipo, jina lenyewe herufi na namba tupu, mwishoni dll. Nikafanya kama tunavyofanya sote hapa: nikaitafuta faili hiyo moja mtandaoni, nikaipakua kutoka tovuti nisiyoijua, nikaitupa kwenye folda ya mfumo. Mchoro ukafunguka na watu wakapiga makofi. Lakini picha ilikuja na mapengo. Mapaa yalikuwa meusi, mistari imekatika, choo cha jirani yetu Tata Kabwe hakipo.

Na nyuma ya nyumba ya Mama, namba kumi na saba, patupu.

Nyumba ya mbele ni vyumba viwili, baba alipewa kazini. Shirika alilofanyia kazi lilipoporomoka, alikwenda kazini miezi na miezi bila mshahara, mwishowe akawa anakaa tu kwenye kiti. Mama ndiye aliyesimama. Aliuza munkoyo, kinywaji chetu cha mahindi, kwa vikombe pale kituo cha treni, akavunja kichuguu kilichokuwa uani, akafyatua matofali kwa udongo wake na kuyachoma mwenyewe. Alijenga vyumba vitatu. Cha katikati ndimo baba alimofia. Tuko watu saba, na bila vyumba vile hatuenei.

"Mado," Mama akasema, kidole chake karibu kugusa kioo, "nyumba yangu ya nyuma iko wapi humu? Mi siione."

"Iko, Mama. Mashini njo inakosa kuonyesha. Angalia, hata choo ya Tata Kabwe haionekane."

"Kama weye unasema ni mashini, basi ni mashini. Weye njo ulisoma."

Akaweka kidole. Wino akaufutia kwenye kitenge chake.

Jana na leo nimekaa kusoma, baada ya Mama kuweka kidole. Kadi ya picha na programu hazielewani, na draiva ndiyo mkalimani wao. Faili za maktaba ni kazi zilizokwisha kuandikwa na kuwekwa mahali pamoja ili programu nyingi zizitumie, kama kinu cha Mama ambacho avenyu nzima huazima kutwangia sombe, majani ya muhogo. Ila zinakuja pamoja: draiva moja, toleo moja, kadi moja. Ukiokota moja njiani ukaichomeka kati ya nyingine, picha itakuja nusu. Nusu hiyo ndiyo mbaya, maana unaridhika nayo.

Basi nimeifuta ile faili. Nimeondoa draiva nzima, nikapakua kifurushi kamili kutoka kwa waliotengeneza kadi, nikazima na kuwasha. Mchoro ukaja safi. Choo cha Tata Kabwe kikatokea. Banda la mbuzi likatokea. Hata mparachichi wa mkubwa wa avenyu umechorewa duara lake. Nikashuka polepole hadi namba kumi na saba.

Patupu.

Mashini haikuficha kitu. Siku ya kupima, watu wa kampuni walisimama mbele ya nyumba, wakanywa munkoyo ya Mama, wakamshukuru, wakaenda zao bila kufika uani.

Mchana nimekwenda ofisini kwao. Karani alinisikiliza kwa adabu zote, akatoa karatasi. "Mama alitazama, akakubali. Kidole yake ni hii." Nikamwambia ni mimi niliyempotosha, mashini ilikuwa na kasoro. Akafunga faili lake. "Hiyo ni mambo yenu ya nyumbani."

Nawachukia. Nawachukia na munkoyo waliyokunywa. Lakini nikirudi kwenye ukweli, wao waliacha vyumba vitatu nje ya mchoro, na mimi ndiye niliyeufunga mlango. Macho ya Mama yaliona sawasawa. Angeyaamini macho yake, asingeweka kidole. Aliniamini mimi, na mimi nilikuwa na ujuaji wa faili moja ya kuokota. Majuto ni mjukuu, tuliambiwa tangu utoto, na bado tunashangaa akija.

Nimerudi nyumbani kabla ya jua kushuka. Nimemkuta Mama anapaka chokaa vyumba vya nyuma, eti watu wa kampuni wakija kuvunja wasikute uchafu.

"Mashini imepona?"

"Imepona, Mama."

"Aksanti, mwana. Mi nilijua utaweza."

Akageukia ukuta wake. Kwake, mashini ikipona, nyumba imeonekana. Nikasimama pale na ndoo ya chokaa mkononi, mwoga kama nini, nikamsaidia kupaka.

Kesho asubuhi, kabla hajatia makala, mkaa wake, kwenye jiko la mbabula, nitamwambia. Nimeliandika hapa mtandaoni wanaposoma watu ili nisipate pa kurudi nyuma. Kisha nitakwenda naye ofisini kwa yule karani, na tutakaa mlangoni mpaka mtu aje kuona kule uani kwa macho yake. Sijui kama watakubali.

Nitaanza na neno lililonishinda Jumanne, wakati bado lingeweza kumsaidia: Mama, sikujua.