Benchi la Mbele, Video ya Kawempe

Kawempe, 10 Mei 1999

Kwa Baba mpendwa,

Salamu kutoka kwangu na kwa Shangazi Lamunu. Sisi wazima, ila kikohozi cha Shangazi ndicho kinatutawala. Huko Gulu mko salama? Malaria imekuachia?

Baba, watakuambia, basi heri nikuambie mimi. Juzi kibanda cha video kilionyesha filamu ya Kitamil kutoka India, ile ambayo huko kwao watu waliichomea mabango. Msichana anavunja ungo. Wanamtenga kwenye kijumba cha makuti, kisha wanamvika sari na kumpigia ngoma, na papo hapo wanamwachisha shule aolewe. (Kumwandikia baba haya, mkono unaona haya.)

Unamjua Muhamadi, anayetafsiri filamu kwa spika watu wakitazama. Kitamil hajui, na maandishi ya Kiingereza hayasomi, anatunga tu. Msichana analia, yeye anasema: "Ameiba nyama ya mama mkwe, huyo!" Wanaume hoi kwa kicheko. Mimi, ninayeitikia jina langu darasani kwa kunong'ona, nikasikia mdomo wangu: "Siyo hivyo!"

"Nani huyo? Njoo useme wewe, profesa!"

Nikaenda. Nikayasoma yale maandishi, nikayasema kwa Kiswahili mpaka mwisho. Hakuna aliyecheka tena.

Sasa Muhamadi anataka nirudie, waje akina mama na wasichana. Shangazi anasema mpaka wewe ukubali. Nisamehe Baba, lakini nilijivuna.

Mwanao, Ayaa

*

Kawempe, 12 Juni

Baba, hujambo?

Hujajibu. Shangazi anasema kimya chako ndilo jibu. Akot wa jirani, aliyeachishwa shule atafutiwe mume, kila siku ananiuliza, "Ile filamu lini?" Heri unigombeze.

Binti yako

*

Gulu, 3 Julai

Kwa binti yangu,

Mimi mzima. Malaria imenikimbia, imehamia kwa kamanda.

Habari ilifika kabla ya barua: "Sajini Ojera, bintiyo anatangaza mambo ya wanawake kwa spika!" Niliona aibu, sifichi. Nikaagiza kaseti ya hiyo filamu, nijue nakukataza nini. Tukaitazama na askari wenzangu mesi, tunapolia chakula. Kile Kiingereza kinakimbia kuliko mimi. Wenzangu wanacheka, mimi naona mtoto analia, sijui kwa nini. Nikasema, hapa anakosekana Ayaa.

Nimepata likizo. Mwambie Muhamadi iwe tarehe 17. Nitakaa benchi la mbele, na yunifomu, kofia kichwani. Anayetaka kucheka anitazame kwanza. Na Akot aje na baba yake. Mwambie huyo baba, Sajini anamwita.

Baba yako

*

Kawempe, 20 Julai

Baba, ulifika salama? Shangazi anakusalimu, bado anakohoa.

Hili nilishindwa kukuambia uso kwa uso. Kwa woga nilisogeza maiki kwenye spika mpaka ikapiga mluzi. Halafu, mwisho wa filamu, yule msichana akatoka kijumbani amevaa yunifomu ya shule badala ya sari, na wewe ukavua kofia, ukaiweka magotini. Nikasahau maneno yote. Hayakuhitajika.

Baba yake Akot aliondoka bila kuaga, nikajua tumeshindwa. Lakini jana mwalimu alipoita majina, la Akot lilikuwemo.

Langu niliitikia kwa sauti mpaka darasa likageuka.

Mwanao, Ayaa