Jani Alilolikataa Ng'ombe

Old Moshi

Mama yangu,

Shikamoo. Kabla hujauliza: nimenenepa, meno yote yapo, na jela nimeiacha hukohuko. Wewe je, kifua kimepona? Tabora mvua imeanza?

Nilipotoka nilipita duka la Mhindi mmoja mjini, nikijua sura ya marehemu baba itanifungulia mlango. Mwenye duka akaniangalia nywele. "Wewe nusu tu." Nikaenda soko la Pasua kubeba mizigo, vijana wakanizomea, "Mhindi, rudi dukani kwenu!" Mama, ulizaa kijana mzuri hadi hawajui wamuweke wapi. Na ile sukari ya magendo iliyonifunga, leo inauzwa peupe kila kibanda. Mimi niliwahi tu.

Sasa namkatia majani ya ng'ombe mzee mmoja huku mlimani. Wanamwita Meku, yaani babu kwa Kichagga. Juzi jirani yake, Baba Ndeshi, akapotelewa na ndoo ya maziwa. Hakutafuta mbali. "Ni huyo Mhindi wako wa jela! Aondoke!" Meku akasema ndoo isipoonekana hadi Jumapili, niende. Nikafunga nguo zangu kwenye furushi.

Jumamosi ndoo ikaonekana. Kumbe shemeji yake aliiazima! Jioni Baba Ndeshi akaja na jani refu la isale, ule mmea wanaopanda mipakani. Akamnyooshea Meku. Meku akaficha mikono nyuma.

"Siye mimi uliyemwita mwizi."

Jamaa akasita, kisha akanipa mimi, macho kayatupa pembeni. Nami kwa ujuzi wangu nikajua ni chakula cha ng'ombe. Nikamtupia! Ng'ombe akanusa, akageuza kichwa.

"Meku, hata ng'ombe amenikatalia!"

Meku alicheka mpaka akakaa chini. Ndipo akanieleza: huku anayekuletea isale anaomba msamaha, na kulikataa ni jambo zito.

"Hata kwa mtu kama mimi?"

"Isale haliangalii nywele. Okota."

Nikaliokota, nikalipangusa. "Nimepokea, Baba Ndeshi. Ila naitwa Karimu."

Hivi Mama, nani alianza kulipatia jani kazi hiyo? Nimeuliza majirani wote, kila mtu ana jibu lake.

Nisalimie dada Zuhura aliyeninunulia kandambili za mahakamani, na shangazi aliyeapa nitaozea ndani. Mwambie naozea kwenye ndizi.

Leo asubuhi nimesikia sauti ya Baba Ndeshi ng'ambo ya migomba: "We Karimu! Njoo haraka, ng'ombe wangu anazaa!" Hakuita Mhindi. Nikatoka mbio, Mama. Lile furushi la nguo nimeshalifungua.

Mwanao mzuri kuliko wote,
Karimu