Mkono Ulioshika Bakuli

Jumamosi, 4 Novemba

Leo nimeingia televisheni. Mgongo wangu, yaani.

Mwigizaji wa kipindi cha uchunguzi cha Shangazi Sarantuya hakufika, gari lake limegoma kuwaka kwa baridi. Mimi nilikuwa studio kwa sababu Bibi alinituma nipeleke chakula. Gansukh, mpigapicha, akanikagua juu mpaka chini. "Huyu si ana mgongo?" Shangazi akanitazama muda mrefu kidogo. "Huyu hapana." Kisha akaangalia saa. "Haya, Zulaa. Vaa hili koti."

Koti jeupe la jikoni, na kofia yake. Kazi yenyewe: kaa dirishani, ipe kamera mgongo, pokea bakuli la chai, kunywa. Sauti itawekwa baadaye, sauti ya mtu mwenyewe, ikiwa imebadilishwa mpaka inanguruma kama ya dubu. Nimesikia kipande. Mwanamke anaeleza jinsi nyama iliyogandishwa miaka mitano inavyofutwa muhuri wa zamani, inapigwa mpya, inapelekwa kwenye majiko ya shule.

Nikauliza shule ipi. "Kula kwanza," Shangazi akasema. Yeye ndiye aliyekuwa anakula.

Natamani kujua huyo mwanamke ni nani. Natamani mpaka naona aibu.

Jumanne, 7 Novemba

Nimemuuliza Shangazi kwa nini lazima kuwe na mgongo. Akasema miaka kumi na minne gazetini hakuwahi kuhitaji mgongo wa mtu. Unaandika "mfanyakazi mmoja alisema", basi, msomaji anamtengeneza mwenyewe kichwani. Televisheni inataka picha. Sauti ikisema dakika sita bila picha, watu wanahamia kwenye mieleka.

Sasa mbona alihama? Kwa sababu gazeti lilinunuliwa na mtu aliyekuwa akimchunguza. Alilisema hilo kama anayesema kesho kutakuwa na theluji.

Ngoja niandike na hili, maana hakuna mwingine wa kumwambia. Nimefungua daftari lake. Dakika moja tu, alipokuwa anaoga. Watu wote wanaompa habari wameandikwa kwa majina ya wanyama. Wa nyama ni Korongo. Nilirudisha daftari pale pale, na sijajua lolote zaidi ya nilivyojua jana.

Jumapili, 12 Novemba

Kipindi kimerushwa. Bibi alivaa deli yake ya hariri, joho la sikukuu, eti mjukuu yuko hewani. "Mgongo umepinda," akasema. Halafu akaweka miwani vizuri. "Na hilo bakuli unalipokea kwa mkono gani?"

Nikaangalia. Kushoto. Wa kushoto peke yake, mbele ya nchi nzima.

Nimezaliwa mashoto. Bibi alinifunga kitambaa mkononi tangu nikiwa na miaka minne mpaka sita, nikajifunza kutumia kulia mbele za watu. Nikiwa na woga, mkono wa zamani hurudi. Siku ile nilikuwa na woga mpaka kwenye kucha.

"Taifa zima litajua nimelea mtoto asiye na adabu," Bibi akasema. Tulicheka sana. Shangazi hakucheka, alikuwa kwenye simu, kila mtu anampongeza.

Jumatatu, 13 Novemba

Kumbe ni shule yetu.

Wakaguzi wamefika asubuhi, wamefunga stoo ya nyama. Mchana tumekula viazi na chai. Kwenye foleni wavulana wa darasa la kumi na moja walikuwa nyuma yangu.

"Ni Dulmaa yule. Nani mwingine humu anashika kitu kwa kushoto?"

"Kashindwa hata kubadili mkono. Mpelelezi gani huyo?"

"Mimi siku zote nilidhani supu yake inaharibiwa na mkono. Kumbe ni nyama."

Wakacheka. Mimi nikahamishia bakuli mkono wa kulia.

Mama Dulmaa ni mashoto, shule nzima inajua, upawa wake unapakua kwa upande usiozoeleka. Amenipakulia miaka minane. Ni mtu mzima pekee ambaye hajali nimepokea kwa mkono upi. Leo alikaa peke yake juu ya gunia. Wapishi wengine wawili walipita mbele yake kama wanapita kabati. Na Dada Chimgee, yule mpishi kijana asiyesema na mtu, alimenya viazi akiwa ameelekea ukutani.

Jumanne, 14 Novemba

Nilimsubiri Shangazi jikoni nikamwambia yote. Aliweka uma chini.

"Mwalimu mkuu anasema Mama Dulmaa kachafua jina la shule," nikasema. "Ameitwa Alhamisi saa nne. Wanamfukuza."

Alisukuma sahani mbali.

"Ni yeye kweli?"

"Sitakuambia ni nani."

"Basi niambie siye nani."

Akageuza uso. Hapo nikajua si Mama Dulmaa.

Akasema akitangaza kwamba yule dirishani alikuwa mwigizaji, si Mama Dulmaa, wanabaki wapishi wengine watatu. Watatu si wengi, watajulikana kwa wiki moja. Nikauliza, na usipotangaza? "Anabaki mmoja. Asiyehusika." Amempigia Korongo mara tisa. Simu imezimwa. Bila ruhusa yake hawezi kusema neno, hajawahi kufanya hivyo tangu aanze kazi.

Halafu akaniambia kitu ambacho nadhani hakutaka kuniambia. "Nilijua ni shule yako, Zulaa. Nilijua, nikaangalia saa, nikakupa koti."

Sijawahi kumwona Shangazi akiosha sahani ambazo ni safi.

Jumatano, 15 Novemba

Nimetunga sentensi. "Mkono ule ni wangu." Kwa Kirusi naisema vizuri, mbele ya kioo, hata na kidevu juu. Darasani naongea Kirusi bila taabu kwa sababu anayeongea si mimi hasa. Kwa Kimongolia naishia kwenye "mkono". Na mwalimu mkuu lazima aambiwe kwa Kimongolia.

Shangazi amekwenda nyumbani kwa Korongo. Mlango umefungwa, majirani hawajui. Kumfuata kazini ni sawa na kumtaja. Ananisihi nisubiri.

Nikamwambia: Korongo ni wako, mkono ni wangu. Sihitaji ruhusa ya mtu kuusema mkono wangu.

"Ukisema, utakuwa umesema na mengine," akajibu.

Najua. Nalijua hilo, ndiyo maana silali.

Alhamisi, 16 Novemba

Saa nne na dakika kumi. Nipo kwenye benchi nje ya ofisi, naandikia gotini. Mama Dulmaa ameshaingia. Katibu ameniuliza kama darasa letu halina mwalimu leo. Nimeendelea kuandika. Sauti ya mwalimu mkuu inasikika, yake haisikiki.

Saa nne na robo. Dada Chimgee amekuja. Theluji kwenye nywele, aproni ameikunja kwapani. Amekaa pembeni yangu.

"Uko foleni?"

"Ndiyo."

"Unaenda kusema nini humo?"

Nikamwambia. "Mkono ule ni wangu." Ilitoka. Kwa Kimongolia, kidogo kidogo, lakini ilitoka. Ameutazama mkono wangu wa kushoto, wenye kalamu.

"Kwa hiyo ni wewe uliyekuwa mimi," akasema.

 Siku kumi na mbili nilitaka kujua, na sasa nimejua, na nilitamani nisijue.

"Nipishe mbele, mdogo wangu."

Nimempisha. Ameingia bila kubisha hodi, mlango ameuacha nusu wazi. Nasikia kiti kinasogea. Halafu Mama Dulmaa, taratibu kabisa, kama yuko jikoni: "Chimgee, we mtoto, rudi jikoni. Viazi vitaungua."

Chimgee harudi.

Katibu ananiambia nikae. Sijakaa. Nafunga daftari, nami naingia.