Mikebe ya Baba Isidori Inapanda Treni Jumamosi

Baba yetu Isidori Lyamba, leo mwaka umetimia tangu ututoke, asubuhi ile ya tarehe 12 Juni 1995, glovu zako nyeupe za kushikia filamu zikiwa bado mkononi.

Uliendesha gari la sinema la serikali miaka kumi na tisa, Mpanda, Inyonga hadi Karema. Gari lilipokufa, mikebe sitini na mbili ya filamu za watu wa huko ilikuwa inakwenda jalalani. Ukaisomba kwa baiskeli, pamoja na projekta, ukaipanga chumbani mwetu, sisi watoto tukahamia sebuleni. Tuliponung'unika ulicheka tu. "Nyie mna sebule. Hawa wa kwenye mikebe wataenda wapi?"

Aliyekuja kumtafuta mtu wake ulimwonyesha kwenye shuka ukutani. Bibi Nyanzala wa Karema alikuja kila mwaka kumtazama mwanawe aliyezama ziwani, akiwa hai, anashusha samaki na kucheka. Kipande kile ulikirudia mara nne, mara tano, mpaka Bibi mwenyewe aseme basi.

Mwaka 1988 bwana mmoja aliuazima mkebe wenye kipande hicho akatoe nakala Dar es Salaam. Hakurudi. Bibi alipokuja, hukuwa na cha kumwonyesha. Ukaapa hakuna mkebe utakaotoka tena, na kabla hujakata roho ukatuapisha na sisi.

Baba, tusikufiche, kiapo hicho kimetufunga. Kila siku lazima mtu afungue madirisha, abadilishe mkaa wa kunyonya unyevu, azungushe filamu kwa mkono zisigandane. Melkiadi ameacha kazi ya Tabora. Mama hakwenda kumzika dada yake Karema, maana mvua zilikuwa zimeshika na zamu ilikuwa yake. Alizungusha huku analia. Siku ile tulikukasirikia sana.

Na pamoja na yote hayo, mikebe kumi na mmoja inanuka siki. Mtaalamu tuliyemwandikia anasema filamu ikianza kunuka hivyo inajila yenyewe, dawa ni nakala, na hapa Mpanda hakuna wa kuitoa. Tukikutii, watu wako wataozea humo humo tunamowalinda.

Jana tulikuja kaburini. Mama akasema, "Baba Monika, nimechoka. Nawapeleka." Tukaondoka bila kujua kama umekubali.

Jumamosi hii mikebe inapanda treni kwenda kutolewa nakala. Melkiadi atakaa nayo behewani mpaka Dar es Salaam, na hatarudi bila mikebe hiyo. Tunaogopa, Baba, hata kula hatuli vizuri. Lakini isiporudi, kosa ni letu, tumelichukua sisi. Na mzigo wa mkebe ule wa Bibi Nyanzala, ulioubeba peke yako miaka saba, utue sasa. Hatukukulaumu hata siku moja.

Unakumbukwa na mkeo Specioza, wanao Monika, Melkiadi na Dina, mkweo Yotham, na wajukuu wako wote.

Hutatutoka moyoni.