Sufuria za Mdogo Wetu

Chumba cha wageni,
anakokaa mdogo wetu.
Jumatano, tarehe 14 Juni.

Mpendwa Dada,

Hujambo wewe, shemeji hajambo, na hayo magoti yako yamekubali ngazi? Mimi mzima kama tairi jipya, ila mikono inanuka sabuni. Utajua kwa nini.

Uliniagiza nimwangalie mdogo wetu, na kama akili imetulia nirudi naye, kitanda umeshamtandikia. Dada, mimi niliyeendesha malori nchi saba sijaona nyumba ya wagonjwa kama hii. Geti halina kufuli. Nilimwulizia daktari, nikaonyeshwa mama mmoja anamenya vitunguu, machozi yanamtoka.

Kila mtu ana kazi yake, imeandikwa ubaoni. Mmoja kuku, mwingine ufagio. Mdogo wetu ni sufuria. Moja anaisugua nusu saa! Anaigeuza, anaitazama, anaanza upya. Na neno hasemi. Siku tatu nzima alikuwa ananitikisia kichwa tu. Roho ikaniuma. Juzi alipokwenda kunywa dawa, nikakunja mikono ya shati, nikaziosha zote kumi na moja kwa dakika kumi. Nikakaa kusubiri pongezi.

Kumbe nimejitia matatani. Hapa kila asubuhi wote huketi duara, na aliyekosa huambiwa mbele ya wenzake. Kosa langu? Nimemnyang'anya mtu kazi. Aliyenishtaki ni mzee wa kuku, ambaye huongea na redio iliyozimwa, lakini jana alinibana kama wakili. Nikajitetea, nikataja na zile nchi saba. Hakuna aliyeshtuka.

Ndipo mdogo wetu akasimama. Akatazama viatu vyangu, akasema, "Kaka, niachie sufuria zangu."

Sauti ni ile ile, Dada. Nilishaanza kuisahau.

Adhabu yangu ni kumsaidia wiki nzima. Yeye anasugua sufuria ndani, mimi nazisugua nje. Leo amenirudishia mbili nizisugue upya. Nikamwuliza huwa anatafuta nini humo ndani. Akasema anasugua mpaka aone uso wake.

Habari ya kurudi nayo nilimwuliza. Akamaliza kwanza kusugua sufuria nzima. Akasema atakuja siku atakayopanga mwenyewe, na wewe utandue kile kitanda. Atatandika yeye.

Basi kitandue, Dada.

Msalimie shemeji, na mama mkwe wako anayedhani bado nimekwama mpakani. Mungu akushike mkono kila ngazi.

Ni mimi kaka yako, nikupendaye bila breki,
Dereva, sasa Mwosha Nje.