Musalaba wa Toussaint

Kalemie, mutaa wa Kataki
Tarehe 19 Septemba 2025

Mupendwa yaya Godelieve, dada yangu mukubwa,

Pokea salamu nyingi kutoka kwetu sote. Habari za Ubelgiji? Magoti yako yanakuachia kutembea? Na shemeji, na watoto? Huku tunapumua. Mama amepona malaria na ameanza tena kugombeza kila muntu, basi tunajua ni muzima kweli. Muke wangu Sylvie anaendelea kufundisha. Mimi mwili hauna shida.

Barua hii nimemupatia Mama Carine anayesafiri kuja huko. Kwa simu ningelia, na wewe ungenikatiza.

Uliuliza filamu yangu itaonyeshwa lini Kinshasa, ili ukuje na watoto. Yaya, usinunue tiketi. Filamu hakuna tena.

Miaka kumi na sita wananiita Papa Producteur, muntu wa kutafuta waigizaji, mashine, ruhusa, kila kitu. Filamu ya kwanza, siku ya kuionyesha umeme ulikatika katikati, watu wakarudi kwao bila kujua mwisho. Ya pili, ziwa lilipanda likaingia ndani ya biro yangu ya kazi na kuiharibu yote. Hii ya tatu, nilijiambia, njo yenyewe, ndiyo itakayofika kwa watu.

Toussaint unamukumbuka, yule wa reli aliyekuwa anatuchekesha katika teatri ya parokia. Aliigiza muzee wa reli anayekufa. Mwezi wa tano tulipiga picha za matanga ya muzee huyo. Niliita wamama wa mutaa waje kulia, nikapikisha bukari na ndagala, maana matanga bila chakula inaonekana ya uongo. Lakini nilisahau kumuambia seremala wetu, Papa Ruffin, jina la yule muzee wa filamu. Akaandika juu ya musalaba jina la Toussaint mwenyewe, na mwaka wake wa kuzaliwa.

Niliona, yaya. Niliona! Jua lilikuwa linashuka, wamama walikuwa wamekwisha kukaa, nikasema kamera iko mbali, haitasoma. Toussaint akacheka, akapigwa picha kando ya ule musalaba.

Mwezi wa saba alishikwa na ugonjwa, siku tatu tu, akafa. Daktari alisema ini. Mimi nilisoma, najua ini ni ini. Lakini nenda ukaseme hivyo mbele ya mujane wake, Adolphine!

Kwenye maziko wamama walikuja wale wale, wakaimba nyimbo zile zile. Hakuna aliyenisalimia. Walilia vizuri kuliko mwezi wa tano, na mimi, Mungu anisamehe, nikawaza: hivi njo ilipaswa kuwa mbele ya kamera. Ninajichukia kwa wazo hilo.

Kaka yake mukubwa, Papa Florent, aliniita mbele ya familia. «Mulimuzika akiwa muzima. Sasa munataka kumuonyesha kwa watu?» Wakaamua picha zote zimufuate kaburini. Rafiki zangu wa Kinshasa wanasema nitoe tu sehemu ya matanga. Lakini filamu njo matanga yenyewe. Ningeweza kuficha kopi. Sikuficha, kwa sababu mimi njo niliachia ule musalaba usimame.

Siku ya kumaliza matanga nilipeleka diski zote mbili zenye filamu. Adolphine akaomba aone kwanza. Tulikaa mbele ya kompyuta, akaangalia mpaka mwisho, amenishika mukono. Akasema siku ya maziko hakuona wala kusikia kitu, sasa tu njo amemuzika bwana yake. Akawaomba wazee waiache filamu. Wakakataa. Shimo nilichimba mimi mwenyewe, kando ya kaburi, na udongo nikarudisha mimi.

Tukiwa tunarudi, Adolphine aliniuliza kama nitatengeneza ingine. Nilimuambia ndiyo, haraka haraka, ili asilie tena. Nilimudanganya. Wewe siwezi kukudanganya: nimekwisha, yaya.

Unisalimie shemeji, Blandine na Caleb. Uwaambie mujomba wao anawaomba radhi. Mama anakubariki, na anasema uvae soksi hata ndani ya nyumba. Mungu awafunike nyote kwa mukono wake.

Ni mimi mudogo wako, nikupendaye bila kuchoka,

Lambert